Ndugu ana shida ya pombe, unga au akili, hapa Mwanza unaanzia wapi

Huduma Mwanza zipo, tatizo watu wanapiga hodi nyumba siyo. Mtu wa unga anapelekwa kwenye maombi, wa pombe anafungiwa chumbani, anayesikia sauti anazungushwa kwa waganga mpaka mbuzi wanaisha zizini, halafu hospitali anafika mwishoni kabisa akiwa kakonda na hela imeisha. Kwahiyo kabla hujapanda daladala jua kwanza una shida gani mkononi, maana milango ni tofauti.

Unga, yaani heroini: nenda Sekou Toure, hospitali ya rufaa ya mkoa, ina kliniki ya methadoni, dawa anayopewa mtu badala ya heroini ili aache, na dawa yenyewe ni bure. Wengi wanaingia kupitia vijana wa asasi wanaozunguka maskani, yaani vijiwe vya watumiaji, ila hata wewe ndugu unaweza kwenda ukauliza pale pale mapokezi. Watampima mkojo, watamhoji, na watataka ndugu mmoja wa kusimama naye, usimwache aende peke yake na arosto yake (yale mateso ya kukosa unga), atarudia njiani. Kitu ambacho watu hawaambiwi mapema ni kwamba ile dawa ni ya maji, anaimeza pale pale dirishani mhudumu akimwona, na mwanzoni ni kila siku, jumapili na sikukuu zikiwemo. Sasa mtu katoka Ukerewe au Kome hiyo haiwezekani bila pa kulala mjini, kwahiyo kabla ya kumwandikisha tafuteni shangazi au rafiki wa kumpokea, la sivyo ataacha mapema tu. Na methadoni ni ya heroini na jamii yake, haitibu bangi wala mirungi wala pombe, usije ukabishana na nesi.

Pombe, bangi na mirungi zinaenda kitengo cha afya ya akili hospitalini, njia ya kufika ni ile ile ya akili nitakayoieleza hapo chini. Hapa nikae kidogo maana pombe ndo inaua kimya kimya huku ziwani. Viroba vilipigwa marufuku 2017 lakini gongo haijawahi kuondoka mialoni. Wavuvi wa dagaa wanafanya kazi usiku wa giza, mbalamwezi ikitoka wanapumzika, na siku zote hizo za mbalamwezi ni kunywa. Giza likirudi jamaa anapanda mtumbwi bila pombe tumboni, mikono inatetemeka, na wengine kifafa kinawashika katikati ya maji. Yani mtu aliyezoea kunywa kila siku ukimkatia ghafla, kifafa kinaweza kuja ndani ya masaa 6 mpaka 48, halafu kwenye siku ya pili mpaka ya nne akaanza kuweweseka, anaona wadudu ukutani, joto linapanda, hapo anaweza kufa kabisa. Kwahiyo ile ya "mfungieni ndani siku tatu atanyooka" acheni. Kama anatetemeka asubuhi mpaka apate pombe ya kutoa loki, yaani ya kutuliza mning'inio, au aliwahi kudondoka kifafa alipoacha, aachie hospitali, sio nyumbani. Wana dawa za kumshusha taratibu na vitamini B1 ya kulinda ubongo. Na usimnunulie mwenyewe valiamu duka la dawa, ikichanganyika na gongo inazima pumzi.

Bahati nzuri hiyo hiyo mbalamwezi ndo nafasi yako, yupo nchi kavu, basi panga naye kliniki siku za mwanzo wa mapumziko kabla hela haijaisha kilabuni.

Akili yenyewe sasa, anaongea peke yake, halali, anasema majirani wanamfuatilia, au amenyamaza wiki nzima hali wala haogi. Anzia zahanati au kituo cha afya ulipo, sio kwa sababu watamtibu hapo (mara nyingi hawana mtu wa akili) ila unataka barua ya rufaa. Kutoka hapo ni hospitali ya wilaya, kama upo Sengerema, Magu, Misungwi, Ngudu au Nansio muulizie muuguzi wa akili. Ikishindikana hapo nenda Sekou Toure, na kesi nzito ni hospitali ya Bugando ambayo ni ya kanda nzima, ina wodi ya akili na madaktari bingwa. Ukienda Bugando bila barua unaweza kutumia asubuhi nzima unazungushwa. Watu wa Sengerema siku hizi afadhali, daraja la Kigongo-Busisi lilifunguliwa 2025, zamani ukiwa na mgonjwa anayehangaika kwenye foleni ya kivuko ilikuwa balaa.

Ukifika usishangae wakaanza kupima malaria, sukari na VVU. Watu wanakasirika hapo, "tumeleta kichaa mnampima malaria", lakini malaria ikipanda kichwani inafanya mtu achanganyikiwe, sukari ikishuka pia, na kichwa kikigongwa pia, ndo maana.

Bebeni kitambulisho, kadi ya bima kama ipo, daftari la kliniki, na dawa zote alizokunywa pamoja na za miti shamba, usifiche ya mganga kwa aibu. Aende mtu anayelala naye nyumba moja, sio mjomba mwenye gari. Andika kwenye karatasi lini ilianza, analalaje, anakulaje, kalewa au kavuta mara ya mwisho saa ngapi, kwenu kuna mwingine aliwahi kuugua. Dokta ana foleni ndefu, hiyo karatasi inamsaidia kuliko hadithi ya nusu saa.

Hela: magonjwa ya akili yamo kwenye msamaha wa serikali, ila wanaolijua hilo wachache na dirishani hakuna atakayekukumbusha. Nenda kwa afisa ustawi wa jamii wa hospitali KABLA hujaenda kulipia, na barua ya mtendaji mkononi. Dawa zikiwa zimeisha stoo mwombe dokta aandike jina la dawa yenyewe, sio la kampuni, utapata ya bei ya chini nje.

Akikataa kwenda? Mi naona kumdanganya "twende sokoni mara moja" ni kosa, akigundua hatakuamini tena na dawa hatameza. Mtafute anayemsikiliza, mara nyingi ni rafiki wa kambi ya uvuvi au mama mdogo, amwambie ukweli. Kama ana panga au anapiga watu hiyo ni ya mtendaji na polisi, sheria ya afya ya akili ya 2008 inaruhusu mtu kupelekwa hospitali bila hiari yake akiwa hatari. Na akisema anataka kufa usimwache peke yake hata kwenda chooni, ondoeni dawa ya kuulia wadudu wa pamba, sumu ya panya na kamba, mpeleke mapokezi ya dharura saa yoyote, hapo hakuna habari za barua.

Waganga na maombi sitawazuia, familia nyingi huku hazitatulia bila hivyo. Endeni, ila wakisema aache dawa, afungwe kamba au anyimwe chakula, ondokeni naye.

Soba hausi, nyumba za kukaa mtu anayeacha pombe au unga, zipo za watu binafsi na unalipia. Uliza kama imesajiliwa, dokta anakuja siku gani, mtamwona lini. Ukiambiwa ndugu haruhusiwi kabisa kumwona tafuta nyingine. Namba ya bure ya mamlaka ya dawa za kulevya ni 119, na ya wizara ya afya ni 199, pigeni muulize.

Halafu dawa. Za sonona zinachukua wiki 2 mpaka 4 ndo uone kitu, watu wanaacha siku ya tano. Haloperidoli, dawa ya mtu anayesikia sauti au kuchanganyikiwa, inaweza kukaza shingo au ulimi, inatisha ukiiona, lakini ipo dawa ya kutuliza hiyo, rudini siku hiyo hiyo badala ya kutupa vidonge ziwani. Na kwa mtu wa kambi anayehama visiwa muulize dokta kuhusu sindano ya mwezi, anachomwa mara moja kila wiki chache na habari ya kusahau vidonge inaisha. Kabla hamjaondoka ombeni waandike kwenye daftari dozi na tarehe ya kurudi, na waulizeni kama mnaweza kuchukulia hospitali ya wilaya yenu, maana nauli ya kuja Mwanza kila mwezi ndo inawaangusha wengi. Tarehe ikigongana na usiku wa giza ombeni isogezwe hapo hapo.