Kucheza ngoma mbele ya kamera: ninavyowafundisha vijana wangu Mikindani

Wanangu, kamera si uwanja. Uwanjani ngoma yetu ya sindimba hukolea taratibu. Kamera hukupa dakika chache tu, basi anza na pigo lako kali. Mtafuteni Erich Brenn, mzungusha sahani juu ya vijiti wa kipindi cha televisheni cha Ed Sullivan, kilichorushwa Jumapili usiku kutoka New York kuanzia 1948. Hakuwa nyota mkubwa, lakini sahani ikilegea, watazamaji roho mkononi!

Chora mraba wa hatua nne mchangani, ucheze humo bila kutoka. Siku nzima, kama si wiki. Njuga zifunge kitambaa mpaka zamu yako ifike. Zangu zililia mapema siku moja kule Lindi, na bado inaniuma. Nguo nyeupe tupu hung'aa mno kwenye taa. Ukikosea, usimtazame mpiga ngoma.