Ukienda Umra tenga nusu siku uione reli ya Sultani Abdulhamid: namna ya kuifuatilia toka Istanbul mpaka Madina

Kila mwaka watu wetu wanajaa Madina, wa Dar, wa Mombasa, wa Unguja, wa Bujumbura, na wengi siku zao zote zinaishia kati ya hoteli, Msikiti wa Mtume na maduka ya tende, alafu wanarudi nyumbani bila kujua kwamba mwendo wa dakika 15 mpaka 20 kwa miguu kutoka msikitini kuna stesheni ya treni iliyofunguliwa 1908, stesheni ya mwisho kabisa ya reli ya Hijazi, reli ya kilomita kama 1,300 iliyoanzia Damascus. Inaniuma sana hii. Kwa hiyo naandika hapa namna ya kuifuatilia, kwa yule anayepitia Istanbul akielekea au akirudi, na kwa yule ambaye hata safari hana ila ana simu na bando.

Niseme mapema kitu kimoja kwasababu ndio kitakuongoza kote. Ukitaka kuielewa kazi ya Abdulhamid wa pili, sultani wa dola ya Uthmaniya, yaani ya Waturuki, aliyetawala 1876 mpaka 1909, usikimbilie kuangalia treni. Uliza maswali matatu kila unapofika: pesa ilitoka wapi, maji yalitoka wapi, na waya wa telegrafu ulipita wapi. Ukishika hayo matatu, hata jengo lililobomoka litakuambia kitu.

Anza nyumbani, na simu yako. Maktaba ya Bunge la Marekani wameweka mtandaoni bure albamu 51 zenye picha zaidi ya 1,800 ambazo Abdulhamid aliwatumia kama zawadi kwenye miaka ya 1890, na seti nyingine alipelekewa Muingereza. Ingia tovuti ya maktaba hiyo, sehemu ya picha, andika jina la sultani kwa herufi za kizungu, Abdul Hamid II, zitakuja zote na unaweza kuzishusha kwa ukubwa wake halisi. Utaona shule, hospitali, wanafunzi wamepangwa mstari na tarbushi zao, zimamoto, viwanda, meli. Ila usihangaike kutafuta reli ya Hijazi humo ndani, haimo, maana zawadi ilishaondoka kabla hata amri ya kujenga reli haijatolewa (amri ni ya 1900). Picha za reli yenyewe zipo kwenye tovuti hiyo hiyo lakini kwenye mkusanyiko mwingine, wa wapiga picha wa American Colony, jumuiya ya Wakristo iliyokuwa Jerusalem, hapo andika Hejaz Railway. Mimi nashauri uangalie kwanza hizo albamu za zawadi taratibu, hata usiku mbili tatu, kwasababu zinakuonyesha yule mtu alitaka dunia imuone vipi, yaani dola ya shule na mashine, wakati huo huo Ulaya wanaiita dola yake mgonjwa anayesubiriwa afe.

Sasa Istanbul. Kama una masaa sita saba kati ya ndege mbili na viza yako iko sawa, inatosha. Panda treni na tramu mpaka Sirkeci, stesheni ya 1890 iliyochorwa na msanifu Mjerumani August Jasmund, yenye matofali mekundu na madirisha ya duara yenye vioo vya rangi, ndani kuna kamakumbusho kadogo ka reli. Hapo ndio treni za Ulaya zilikuwa zinaishia. Ukitoka nje tembea mpaka Eminönü, panda pantoni ya kwenda Kadıköy, kaa upande wa kushoto, na mnapokaribia kufika utaona jengo kubwa kama ngome limesimama ukingoni mwa maji. Hiyo ni stesheni ya Haydarpaşa, ilimalizika 1908, imejengwa juu ya nguzo za mbao zilizogongwa chini kwenye maji. Hata kama huwezi kuingia ndani, kutoka kwenye pantoni unaiona vizuri kuliko ukiwa mlangoni.

Hapo kwenye pantoni ndio uulize swali la pesa. Dola ya Uthmaniya ilishindwa kulipa madeni 1875, kabla Abdulhamid hajakalia kiti, na kuanzia 1881 wadai wa Ulaya walikuwa na ofisi yao pale pale Istanbul inayokusanya kodi moja kwa moja, ya chumvi, ya tumbaku, ya stempu, na kadhalika, ili wajilipe. Ndani ya hali hiyo ndio jamaa akaamua kujenga. Reli ya kutoka Haydarpaşa ilienda kwa pesa za Wajerumani, benki ya Deutsche Bank, ikafika Ankara 1892 na Konya 1896, na serikali ikawa inawahakikishia mapato kwa kila kilomita, treni ijae isijae. Reli ikaja lakini na minyororo yake. Reli ya Hijazi akaamua isiwe hivyo, hakuna mkopo wa nje, hakuna kampuni ya kigeni kuimiliki, inachangwa na Waislamu. Watu walichanga kutoka India, Misri, na sehemu nyingi tu, wachangiaji wakapewa nishani kulingana na kiwango, na kwasababu michango peke yake haikutosha yakaongezwa makato ya mishahara ya watumishi, stempu maalum, mpaka ngozi za wanyama wa kuchinja Idi ziliuzwa pesa ikaenda kwenye reli. Kwangu mimi hii ndio tofauti kubwa kuliko zote kati ya Haydarpaşa na stesheni ya Madina, na zote mbili ni za mwaka mmoja.

Tahadhari moja ya Istanbul: utaambiwa kila kitu ni cha Abdulhamid. Ile treni fupi ya chini ya ardhi ya kupanda kutoka Karaköy, Tünel, ni ya 1875, zama za ami yake Abdulaziz. Usimpe sifa isiyo yake, alizonazo zinamtosha.

Na sisi huku hatukuwa mbali na habari hizi. Sheikh Ahmad bin Sumait wa Zanzibar alifika Istanbul miaka ya 1880 na akapewa nishani na sultani huyu huyu. Kwa hiyo ukitembea pale ujue masheikh wa pwani walishakutangulia.

Haya, Madina. Chagua asubuhi baada ya jua kuchomoza, kabla joto halijawa kali. Toka upande wa kusini magharibi wa Msikiti wa Mtume, upite Msikiti wa Ghamama, uliza Anbariya au uliza mahattat sikka hadid, yaani stesheni ya reli, wenyeji wanaijua. Uliza kwanza hotelini kama jumba la makumbusho limefunguliwa siku hiyo, saa zao zinabadilika, lakini hata likifungwa nje peke yake panastahili safari. Utaona kwanza msikiti wenye minara miwili wa mawe meusi, huo ni Msikiti wa Anbariya, aliujenga Abdulhamid pamoja na stesheni ili msafiri akishuka tu kwenye treni apate pa kuswali. Mbele yake ndio stesheni yenyewe, mawe yale yale meusi, ni mawe ya volkano maana Madina imezungukwa na ardhi iliyoungua. Ndani ya uwanja wa stesheni kuna kamsikiti kadogo sana ka kuba, Msikiti wa Suqya, pana historia ndefu mno kuliko reli maana inasimuliwa Mtume aliswali hapo akienda Badr, na wajenzi wa reli wakapanga uwanja wao bila kukaondoa. Usipapite.

Alafu nenda nyuma kwenye banda la vichwa vya treni. Hapa chuchumaa uangalie reli yenyewe. Kama una futi ya fundi pima upana, ndani kwa ndani, kutoka chuma hadi chuma, utapata milimita 1,050. Reli ya zamani ya kwetu, ile ya Mombasa mpaka Kisumu iliyojengwa 1896 mpaka 1901, na ile ya kati ya Dar mpaka Kigoma, ni mita 1 kamili, na SGR ya sasa ni 1,435. Kwa nini hizo milimita 50 za ajabu? Kwasababu Wafaransa walishajenga reli ya Beirut mpaka Damascus ya upana huo, imefunguliwa 1895, na vifaa vya mwanzo ilibidi vipitie huko. Na Wafaransa wakawa wanatoza bei wanayotaka, ndio maana 1905 Waturuki wakafungua tawi lao wenyewe mpaka bandari ya Haifa. Ukiangalia ubavu wa chuma, pale penye kiuno, mara nyingi kuna herufi zilizochomoza, jina la kiwanda na mwaka. Chuma kilitoka Ubelgiji, Ujerumani, mpaka Marekani. Pitisha kidole usome. Mataruma nayo, yale yanayolazwa chini ya reli, mengi ni ya chuma na sio mbao, kwa jua lile mbao zinapasuka, na jangwani kuni ni mali.

Kusoma tarehe ukutani usiogope. Mwaka wa hijria zidisha kwa 0.97 alafu jumlisha 622, utakosea labda mwaka mmoja tu: 1326 inakupa 1908. Lakini serikali ya Istanbul ilikuwa na kalenda nyingine ya mambo ya fedha na ofisi, hiyo wewe jumlisha 584 tu, kwa hiyo 1324 nayo ni 1908. Ukiona miaka miwili tofauti kwenye vitu vya wakati mmoja usidhani mtu kakosea. Na ile sahihi ya sultani, tughra, milingoti mitatu inayopanda juu na matanzi mawili kushoto, ya Abdulhamid utaijua kwa kaneno kadogo pembeni juu upande wa kulia, al-Ghazi.

Maji sasa. Hili ndilo wengi hawaliulizi na ndilo lililokuwa gumu kuliko chuma. Kichwa cha treni cha mvuke kinakunywa maji mengi mno, na njia nzima ni jangwa, kwa hiyo stesheni zikawekwa kila baada ya kilomita kama 20, kila moja imejengwa kama kijingome, ukuta mnene, matundu ya bunduki, uwani birika la maji ya mvua, na penye kisima kinu cha upepo au pampu ya kuvuta. Maelfu ya wanajeshi wa kawaida ndio waliochimba na kutandika, injinia mkuu alikuwa Mjerumani Heinrich Meissner aliyepewa cheo cha pasha, ila kusini ya Al-Ula wasio Waislamu hawakuruhusiwa, kipande kile cha mwisho kikasimamiwa na Mukhtar Bey na mainjinia Waislamu wenyewe. Nawaambieni hicho kipande kingetosha kuandikiwa makala peke yake. Watu waliokuwa wanafunzi kazini miaka michache nyuma ndio waliofikisha treni Madina.

Waya ulitangulia chuma. Telegrafu ya kutoka Damascus kuja Madina ilivutwa kabla reli haijafika mbali, na kwenye uwanja wa Marja pale Damascus kuna mnara wa shaba wa kuukumbuka waya huo, juu yake wameweka kamfano ka msikiti wa sultani wa Yıldız, umechorwa na Mtaliano Raimondo D'Aronco. Ukiuangalia karibu unaona waya wenyewe umefinyangwa umezunguka nguzo. Waya huu ulikuwa na sura mbili na lazima tuseme zote: ulileta habari za mahujaji na madaktari kwa dakika badala ya wiki, na ulimpelekea sultani taarifa za wapelelezi wake. Makabila ya Hijazi waliokuwa wanaishi kwa kukodisha ngamia kwa misafara waliona mapema kinachokuja, wakakata nguzo na baadae wakapigana na reli. Siwalaumu. Safari ya siku kama 40 kwa ngamia ilikuwa inashushwa mpaka siku tatu, na mkate wao ulikuwa ndani ya zile siku 40. Ndio moja ya sababu reli haikufika Makka kamwe, na 1909 sultani mwenyewe akaondolewa.

Kama una siku ya ziada na gari, kaskazini kuelekea Al-Ula utaona vijistesheni hivyo pembeni ya barabara, vingine vimebaki kuta tu. Kwenye Hegra, Mada'in Salih, stesheni imekarabatiwa, ila jua kwamba mahali pale pana hadithi ya Mtume kuhusu kupita makazi ya Thamud, uliza sheikh wako kwanza kabla hujaliweka kwenye ratiba. Ukifika kwenye hivyo vijistesheni utakuta sakafu zimechimbwa chimbwa, ni watu wanaotafuta dhahabu ya Waturuki, wanabomoa jengo la miaka mia kwa uvumi. Tafadhali usichimbe, usiokote msumari wala kipande cha chuma, piga picha uondoke. Na droni acha nyumbani.

Anayepita Amman aende mtaa wa Mahatta, stesheni ya Hijazi ipo na kamakumbusho kake, na ni sehemu chache ambapo treni ya upana ule ule bado hutembea na watu ndani, ulizia siku. Damascus stesheni kubwa ni ya 1913, kazi ya Mhispania Fernando de Aranda, dari yake ya mbao ndio ya kutazama.

Kutoka Madina kwenda Makka panda treni ya Haramain, ya umeme, inakimbia kilomita 300 kwa saa, ilianza 2018. Tiketi kata mapema mtandaoni kwa jina kama lilivyo kwenye pasipoti, Ramadhani zinaisha haraka. Stesheni yake iko mbali na ya zamani, kwa hiyo usichanganye ukimwambia dereva wa teksi, mwambie Haramain, ukisema mahatta tu anaweza kukupeleka Anbariya.