Kutoka Kibarua hadi Mkataba: Namna ya Kudai Utumishi Wako katika Serikali ya Kaunti

Kwa miaka kadhaa nimekuwa nikiwaandikia barua za madai vibarua wa kaunti wanaonijia hapa Malindi, na karibu wote huanza na swali lile lile: "Nimefanya kazi miaka minne, mbona bado ni kibarua?" Sheria ina jibu, ingawa si lote analolitarajia muulizaji.

Hatua ya kwanza: jua unachodai

Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, ambayo inaifunga hata Serikali, humwita kibarua yule anayelipwa mwisho wa siku na asiyeajiriwa kwa zaidi ya saa 24 kwa mara moja. Kwa mujibu wa kifungu cha 37, aliyefanya kazi kwa siku mfululizo zinazofikia mwezi mmoja au zaidi huhesabiwa kuwa na mkataba wa mshahara wa mwezi, na hawezi kuondolewa bila ya notisi ya siku 28. Akiendelea kwa miezi 2 au zaidi tangu alipoanza, hustahili masharti ambayo angeyapata lau hakuanza kama kibarua.

Hiyo, hata hivyo, si ajira ya kudumu na pensheni. Nafasi hizo hujazwa na Bodi ya Utumishi wa Umma ya Kaunti, kwa tangazo na ushindani, chini ya Sheria ya Serikali za Kaunti ya mwaka 2012. Anayekuahidi kwamba kifungu cha 37 peke yake kitakupa pensheni anakupaka mafuta kwa mgongo wa chupa.

Hatua ya pili: hesabu siku zako

Baada ya kila siku 6 za kazi, sheria hukuhesabia siku 1 ya mapumziko yenye malipo, na sikukuu ya taifa iliyoangukia humo huhesabiwa pia. Kwa hiyo usikubali kuambiwa kwamba ulikatiza kazi kwa sababu hukufika siku ya Idd.

Hatua ya tatu: kusanya ushahidi

Hapa ndipo madai mengi huzama. Mama mmoja aliyekuwa akifagia diko la samaki alikana kuwa na karatasi yoyote, na ofisi iliyomwajiri nayo ikasema haimjui. Tulipoketi tukaipekua simu yake, tulikuta jumbe za malipo ya M-Pesa za kila mwezi, ratiba ya zamu iliyotumwa na msimamizi, na picha ya daftari la mahudhurio aliyoipiga kwa sababu siku hiyo jina lake lilikuwa limeandikwa vibaya. Kosa la karani ndilo lililomfaa. Ongeza taarifa ya NSSF na majina ya wenzako wa zamu. Kazi inayofikia miezi 3 hupaswa kuwa na mkataba wa maandishi, na mwajiri asipouleta mahakamani, mzigo wa kuthibitisha masharti yanayobishaniwa humwangukia yeye. Lakini usiende mikono mitupu ukilitegemea hilo.

Hatua ya nne: andikia Bodi

Taja tarehe ya kuanza, kazi, malipo na kifungu unachokitegemea, kisha uhakikishe nakala yako imepigwa muhuri wa kupokewa. Kumbukumbu zako ukinyimwa, ziombe kwa Sheria ya Kupata Habari ya mwaka 2016, ambayo humpa afisa siku 21 za kujibu.

Hatua ya tano: rufaa, kisha mahakama

Uamuzi wa Bodi usipokuridhisha, kata rufaa kwa maandishi kwa Tume ya Utumishi wa Umma ndani ya siku 90. Usiiruke ngazi hii: mwaka 2017, katika shauri lililotoka Wajir, Mahakama ya Rufaa ilishikilia kwamba mtumishi wa kaunti aanzie kwa Tume. Baada ya hapo kuna Mahakama ya Ajira na Uhusiano wa Kazi, ambayo husikiliza mashauri hapa Malindi, na dai hupaswa kufunguliwa ndani ya miaka 3. Anayetoka Lamu afike na simu ile ile yenye jumbe za malipo, hata kama amekwisha kuzichapisha.