Harusi ya kifahari huanzia kwenye hesabu ya wageni

Bibi harusi akinijia na picha za maua, namwambia aziweke kando kwanza. Tuhesabu watu. Wageni 120 waliohudumiwa mezani, kila mmoja na kadi ya jina lake, wanapendeza kuliko 600 waliopanga foleni ya pilau wakiwa na sahani mkononi.

Halafu tarehe. Aprili, bustani za mtaa wa Karen, Nairobi, ni tope tupu. Niliwahi kumshika mkono mama mkwe mmoja asianguke. Mguu ukatoka, kiatu kikabaki ardhini. Siku hizi nachagua Januari au Februari, na bado nakodi sakafu ya mbao chini ya hema.

Mawaridi ya kuagiza ng'ambo ya nini, na Naivasha ndiyo inayowauzia Wazungu? Yafike Alhamisi yakiwa yamefumba, yakae ndooni kivulini. Jumamosi asubuhi yatakuwa yamefunguka.

Jenereta ziwe mbili, tena mbali na meza. Kelele zake humeza hotuba za wazee.

Na kama ni ndoa ya kiserikali, notisi ifike kwa msajili siku 21 kabla. Hema halingoji karatasi.