Kuondoa gemu kwenye laptopu mpaka nafasi irudi kweli

Laptopu nyingi za mtumba zinazouzwa mjini Mombasa, zile zilizotumika kwanza maofisini ng'ambo, huja na SSD (diski ya kuhifadhia) ya GB 256. Ukiiwasha, Windows yakuonyesha 238. Muuzaji hakukupunja: kiwandani GB moja ni baiti bilioni moja, ilhali Windows huhesabu kwa 1,024 badala ya 1,000. Toa Windows yenyewe, toa Office, toa picha za harusi na video zilizohamishwa kutoka kwenye simu, na nafasi ya gemu ishapungua sana. EA Sports FC 24 pekee yataka GB 100. GTA V ilipotoka kwa kompyuta mwaka 2015 ilitaka 65, na masasisho ya baadaye yameizidisha. Gemu mbili hizo tu, na mwanafunzi wa chuo pale Tudor hana pa kuhifadhi ripoti yake ya mwisho wa muhula.

Mwongozo huu ni wa Windows 10 na 11, na nia yake ni moja: ukiondoa gemu ya GB 60, zirudi GB 60. Mara nyingi mtu huondoa gemu, akatazama diski, akakuta zimerudi arubaini, au hakuna kilichorudi, akadhani laptopu imeharibika. Laptopu ni nzima. Vipande vya gemu ndivyo vilivyobaki mahali pengine.

Anza na namba

Fungua "This PC" utazame diski C. Mstari wake ukiwa mwekundu, nafasi iliyo wazi imeshuka chini ya asilimia 10. Andika kwenye karatasi GB zilizo wazi sasa hivi, kwa sababu kazi yote inayofuata itapimwa kwa namba hiyo.

Kwa diski ya 238, lenga kuacha wazi GB 40 hivi. SSD haiwezi kuandika juu ya data ya zamani moja kwa moja; lazima kwanza ifute eneo zima. Ikikosa maeneo matupu, inakuwa inahamisha na kufuta huku wewe unangoja, ndiyo maana laptopu iliyojaa hukwama hata ukifungua Word tu.

Kisha angalia kama kuna diski D. Mafundi wengi hugawa diski moja mara mbili wanapoweka Windows upya. Ikiwa gemu ziko D na kilichojaa ni C, kuondoa gemu hizo hakutaisaidia C hata kidogo.

Jua nani anakula nafasi

Bonyeza kitufe cha Windows pamoja na I, ingia "Apps", kisha "Installed apps" kwenye Windows 11 au "Apps & features" kwenye Windows 10. Panga orodha kwa ukubwa: kwenye "Sort by" chagua "Size". Zile nzito zitapanda juu.

Orodha hii usiiamini yote. Gemu zilizonakiliwa dukani kutoka kwenye hadi diski ya nje, ambazo huku ndizo nyingi, mara nyingi haziandiki ukubwa wake, na nyingine hazitokei kabisa kwa kuwa ni folda iliyobandikwa tu. Kwa hizo, tafuta ikoni yake kwenye desktopu, ibofye kwa kitufe cha kulia, chagua "Open file location", na folda itafunguka. Panda juu folda moja, bofya kulia, chagua "Properties", usome ukubwa wa kweli. Ukitaka kuona diski nzima kwa mara moja, programu ya bure iitwayo WizTree hukupangia folda zote kwa uzito ndani ya sekunde chache. Pakua kwenye tovuti yake yenyewe.

Unapopitia orodha utakutana na "Microsoft Visual C++ Redistributable" za miaka mbalimbali, pengine saba au nane. Ziache. Ni ndogo, na programu nyingine zinazitegemea. Ukizitoa utapata megabaiti chache na siku ya pili programu ya chuo inagoma kufunguka. Kadhalika chochote chenye jina la Intel, AMD, NVIDIA au Realtek.

Okoa maendeleo yako kwanza

Hapa ndipo watu hulia. Msimu wa tano wa ligi, gari zote zimeshakamilika, kisha kubofya mara moja na yote yamekwenda. Gemu ya Steam, lile duka la gemu la mtandaoni, ikiwa inatumia Steam Cloud huhifadhi maendeleo yako mtandaoni, mradi uliifunga gemu vizuri intaneti ikiwepo. Gemu ya dukani haina kitu kama hicho. Maendeleo yake yako ndani ya laptopu hiyo hiyo, na lazima uyatafute kwa mkono.

Anzia "Documents". GTA San Andreas huweka kwenye folda "GTA San Andreas User Files". GTA V huweka ndani ya "Rockstar Games". PES huweka ndani ya "KONAMI". Nyingine nyingi ziko ndani ya "My Games". Ukikosa, bonyeza Windows na R, andika %localappdata% au %appdata%, ubonyeze Enter, utafute jina la gemu au la kampuni iliyoitengeneza. Kuna pia folda "Saved Games" ndani ya folda yenye jina lako. Na ikiwa OneDrive imewashwa, "Documents" yako huenda imehamishiwa ndani ya OneDrive. Itafute huko usije ukadhani imepotea.

Nakili folda hizo kwenye flashi. Maendeleo ya gemu huwa megabaiti chache, kwa hiyo flashi ya GB 8 yatosha.

Mfano mmoja wafaa kuangaliwa kwa karibu, kwa sababu wapenzi wa matatu wanaufahamu: Euro Truck Simulator 2. Ukiiondoa, folda "Euro Truck Simulator 2" iliyo ndani ya "Documents" haiguswi. Ifungue. Ndani yake kuna "profiles", ambamo mna dereva wako, pesa zako na gereji zako. Hiyo ni nyepesi na ndiyo ya kunakili. Pembeni yake kuna "mod". Humo ndimo mnamokaa matatu, mabasi na ramani ulizopakua, faili baada ya faili zenye mwisho wa .scs, na mtu aliyekuwa akiongeza kila wiki anaweza kukuta GB 10 na zaidi zimelala pale mwaka mzima baada ya gemu kuondoka. Kiondoaji hufuta mafaili ambayo gemu ilikuja nayo. Yale uliyoyaongeza mwenyewe hayajui.

Kuondoa kwenyewe

Chomeka chaja kwanza. Betri za laptopu za mtumba huzima ghafla hata zikionyesha asilimia 30, na kuzima katikati ya kazi huacha gemu nusu, isiyochezeka wala isiyoondoleka. Kisha funga gemu na kizinduzi chake (programu inayoifungua, kama Steam), pamoja na zile ikoni ndogo zilizojificha pembeni mwa saa chini kulia.

Kwa gemu za Steam, fungua Steam, ingia "Library", bofya kulia jina la gemu, "Manage", "Uninstall". Epic Games: "Library", nukta tatu chini ya gemu, "Uninstall". Usiiondoe Steam yenyewe ukidhani unapunguza uzito kidogo: folda yake ya "steamapps" ndimo gemu zilimo, na ukiitoa Steam gemu zote zilizo ndani yake huondoka pamoja nayo. Valorant ina jambo lake. Ukishaiondoa, rudi kwenye orodha ya programu uiondoe na "Riot Vanguard", programu yake ya kuzuia udanganyifu, kwa maana huorodheshwa peke yake na huwaka kila laptopu inapowaka.

Gemu ndogo zilizokuja na Windows, kama Solitaire au Candy Crush, ni rahisi: fungua menyu ya Start, bofya kulia, "Uninstall". Usitarajie nafasi kubwa hapo.

Gemu ya dukani ingia ndani ya folda yake utafute faili liitwalo unins000.exe. Lipo? Libofye mara mbili, ukubali, ungoje limalize. Halipo? Bonyeza Windows na R, andika appwiz.cpl, uangalie kama gemu imo katika orodha ile ya zamani, uiondoe kutoka hapo. Ikiwa haimo kwote kuwili, basi ni folda tupu isiyo na kiondoaji. Ichague yote, bonyeza Shift na Delete. Shift ni muhimu: Delete peke yake hupeleka gemu kwenye Recycle Bin, na Recycle Bin iko ndani ya diski ile ile. Nafasi hairudi mpaka uimwage.

Kufuta ikoni ya desktopu si kuondoa gemu. Ikoni ni kibao cha njia tu. Nyumba bado imesimama.

Ikigoma

Ujumbe kwamba faili linatumika na programu nyingine maana yake kuna kipande bado kinafanya kazi. Bonyeza Ctrl, Shift na Esc kwa pamoja, tafuta jina la gemu au la kizinduzi, "End task", ujaribu tena. Ikiendelea kugoma, chagua "Restart", si "Shut down", kwa kuwa kuzima kwa kawaida kwenye Windows huhifadhi sehemu ya mfumo kama ilivyokuwa, na kipande kile chaweza kurudi nacho.

Ukiwa ulifuta folda kwanza, na sasa jina limebaki kwenye orodha, bofya "Uninstall" kwenye appwiz.cpl. Windows itasema huenda programu ilishaondolewa na kuuliza kama ulitoe jina. Jibu "Yes". Kwa gemu ya Steam iliyofutwa kwa mkono, fuata njia ya kawaida ndani ya Steam, nayo itasafisha rekodi zake.

Fuata vilivyobaki

Sasa tazama tena namba ya diski C. Haikupanda kwa uzito wote wa gemu? Pita mahali hapa kwa utaratibu huu.

Folda ya "Downloads" kwanza. Zip, ISO au folda ya kuwekea gemu mara nyingi bado imo, na uzito wake hukaribia wa gemu yenyewe. Halafu folda ya gemu pale ilipokuwa, maana mod na mafaili ya muda hubaki. Kwenye Steam, angalia ndani ya "steamapps" folda za "workshop", "shadercache" na "downloading".

Kisha "Videos", folda ya "Captures". Anayebonyeza Windows na G kurekodi mabao yake huku anasahau, hukuta hapo video nzito kuliko gemu.

Waliokuwa wakicheza gemu za simu kwa BlueStacks wawe makini zaidi. Diski yake ya bandia hukua kila unapoweka gemu, lakini haipungui ukiitoa gemu kwa ndani. Tumia kifaa chake cha kusafisha diski kilicho kwenye mipangilio, au kama huihitaji tena iondoe BlueStacks nzima, halafu uingie C:\ProgramData uhakikishe folda ya BlueStacks_nxt imekwenda. ProgramData huwa imefichwa; iandike mwenyewe juu kwenye anwani.

Mwisho, "Settings", "System", "Storage", "Temporary files". Soma kabla ya kutia alama: "Downloads" nayo imo humo, na ukiitia alama bila kutazama, vyeti ulivyopakua vitaondoka pamoja na takataka.

Kabla ya kuondoa gemu unayoipenda

Piga hesabu ya kuirudisha. Gemu ya GB 100 kwa intaneti ya Mbps 10 isiyokatika yachukua saa 22 na ushei. Mwenye faiba nyumbani Nyali aweza kuiacha usiku kucha. Anayetegemea bando la simu kule Likoni au Kisauni, kuifuta ni kuinunua upya kwa bando. Kwake ni bora kuihamisha. Hadi diski ya nje ya mtumba yafaa kwa kuhifadhi, lakini ikiwa imeandaliwa kwa FAT32, mfumo wa zamani wa kupanga mafaili, itakataa faili lolote linalozidi GB 4, na gemu zimejaa mafaili hayo. Ihamishe iwe NTFS kwa kuifanyia "Format", ukijua kwamba kila kilichomo kitafutika. Kwa Steam, ongeza diski hiyo kwenye "Settings", "Storage", kisha kwenye "Properties" za gemu, sehemu ya "Installed Files", chagua kuhamisha folda. Kunakili kwa mkono pia hufaulu kwa gemu nyingi, ila ni lazima baadaye uambie Steam ihakiki mafaili.

Na jambo la usalama kwa gemu za dukani. Nyingi humtaka fundi aizuie Windows Defender isikague folda ya gemu, na gemu ikiondoka ruhusa ile hubaki: mlango umeachwa wazi. Fungua "Windows Security", "Virus & threat protection", "Manage settings", teremka hadi "Exclusions", ufute kila folda unayoiona pale usiyoijua. Kisha rudi nyuma, "Scan options", "Full scan". Huchukua muda mrefu, hivyo iwashe usiku kabla ya kulala, chaja ikiwa imechomekwa na laptopu iko juu ya meza, si juu ya godoro linaloziba matundu ya hewa. Ondoa pia mpangilio wa kulala peke yake, maana laptopu ikilala uchunguzi nao husimama.