Bana Bukavu muko Ulaya na Canada: muangalie vioo mbele ya kupandisha shofaji

Bandugu, baridi ikianza kila mutu anakimbilia radiateri, anaifungua mupaka mwisho, kisha fakture inafika na kichwa inauma. Muanzie ku dirisha. Kwetu Kadutu ao Nguba dirisha ni ya hewa na mwangaza, kioo moja inatosha juu joto ya ndani na ya inje haviachane sana, lakini huku ndani iko digri 20 na inje iko 0, na joto inakimbiliaka kwenye baridi iko.

Hesabu iko hivi: kioo moja inapitisha karibu wati 5.8 kwa kila mita mraba, kwa kila digri ya tofauti, basi dirisha ya mita mraba 2 inatupa inje wati 232 usiku muzima. Dubule vitraji (dirisha ya vioo viwili) ya zamani, yenye 2.8, inatupa 112. Ile ya kisasa, yenye 1.1, ni 44 tu. Ile namba ya 5.8, 2.8 ao 1.1 banaiita U, njo ya kuuliza mbele ya kusaini devi, na mutu akikuambia tu « ni dubule vitraji » bila kutaja U, usisaini. Ya vioo tatu inashuka hata chini ya 0.8, ila ni nzito, fremu ya zamani mara mingi haiwezi kuibeba.

Dubule vitraji ya kisasa inafanyaka kazi namna gani? Katikati ya vioo banaacha nafasi ya milimita 12 ao 16, banajaza gazi ya argoni yenye inapitisha joto polepole kuliko hewa, na ku kioo moja banapaka feza nyembamba sana, macho haiione, inarudisha joto mu chumba. Unataka kujua kama yako iko nayo? Usiku washa brike karibu na kioo, hesabu miali yenye unaona ndani yake: kama moja iko na rangi ingine, ile feza iko. Angalia pia ile chuma ya katikati ya vioo, mara mingi mwaka iliandikwa pale.

Ukiwa lokateri, badilisha mipira ya pembeni yenye imekauka, bandika plastiki ya dirisha yenye inavutwa na mashini ya kukausha nywele, funga volé usiku, na rido isifunike radiateri, juu itapeleka joto yote ku kioo.

Sasa hii munisikie muzuri. Dirisha mupya inafunga kabisa, na sisi tunachemsha maharagi masaa mingi, mvuke haina pa kutokea, ukuta unaota weusi na batoto banaanza kukohoa. Fungua dirisha dakika kumi asubuhi na jioni, na usizibe vile vitundu vya hewa. Na mbabula ya makala isiingie ndani hata siku moja, hata shofaji ikiharibika! Gazi yake haina harufu na inaua familia nzima mu usingizi.

Ukiona ukungu katikati ya vioo viwili, kioo imekufa lakini fremu inaweza kuwa nzima, bei inashuka sana kama unabadilisha kioo peke yake. Piga foto, andikia bayere barua, usimwambie kwa mudomo tu. Bale ba Ufaransa, tangu tarehe 1 Januari 2025 nyumba ya klasi G haiwezi kupangishwa kwa kontra mupya, basi muombe ile DPE (karatasi yenye inaonyesha klasi ya nyumba, kuanzia A mupaka G, kufuatana na nguvu yenye inakula) mbele ya kutoa garanti.