Fidia ya ajali ikiwa ndogo mno: namna ya kukata rufaa Mahakama Kuu ya Kenya

Hukumu imesomwa, umeambiwa umeshinda kesi, lakini pesa ulizopewa hazilingani na mguu unaotembea nao sasa. Mimi ni wakili wa kesi za ajali. Rufaa nyingi za aina hii huzikwa kabla jaji hajaifungua faili.

1. Hesabu siku zako leo. Kutoka kwa hakimu kwenda Mahakama Kuu una siku 30. Siku ambazo korti ilitumia kuandaa nakala ya tuzo (amri rasmi inayotokana na hukumu) huondolewa kwenye hesabu, ila mpaka korti yenyewe ithibitishe kwa maandishi. Usizitegemee. Siku hiyo hiyo ya hukumu, andika barua kuomba nakala ya hukumu na mwenendo wa kesi uliopigwa chapa. Ukichelewa unaweza kuomba uongezewe muda, lakini uwe na sababu nzito.

Kama kesi ilikuwa Mahakama ya Madai Madogo (yasiyozidi shilingi milioni 1), rufaa ni kwa hoja za kisheria tu.

2. Tafuta kosa ndani ya hukumu. Hapa ndipo pa kutumia muda wako. Jaji hakuongezei pesa kwa sababu tu yeye angekupa zaidi. Kesi ya Butt dhidi ya Khan ya mwaka 1981 na nyingine zilizoifuata zinataka uonyeshe kwamba hakimu alikosea kanuni, alizingatia lisilohusika, aliacha linalohusika, au alitoa kiasi kidogo kupita kiasi.

Weka hukumu upande mmoja wa meza na ripoti ya daktari upande wa pili, usome mstari kwa mstari. Mama mmoja niliyemwakilisha, aliyekuwa abiria wa bodaboda, aliandikiwa kwenye hukumu kuwa amevunjika mfupa mmoja wa mguu. Ukurasa wa pili wa ripoti ulisema tibia na fibula, yaani mifupa miwili ya chini ya goti, zote mbili zimevunjika, ametiwa chuma, na mguu umefupika. Hakimu akawa amemlinganisha na mtu wa mfupa mmoja. Mama alilia ofisini kwangu, na machozi yake yalikuwa ya haki, lakini hoja ya rufaa ilikuwa ule mstari wa ukurasa wa pili.

Tazama pia kesi alizolinganisha hakimu ni za mwaka gani, maana thamani ya shilingi imeshuka na majaji hulizingatia hilo. Tafuta za karibuni zenye majeraha kama yako. Tovuti ya Kenya Law huzitoa bure. Halafu angalia mgawo wa lawama. Ukibebeshwa asilimia 20, fidia yako hupunguzwa kwa asilimia 20, na pengine hapo ndipo penye kidonda.

3. Usitegemee risiti mpya. Gharama za matibabu, hata za upasuaji ujao, zilipaswa kutajwa kwenye madai na kuthibitishwa mbele ya hakimu. Ushahidi mpya kwenye rufaa hukubaliwa kwa nadra sana.

4. Andika hati ya rufaa. Hoja fupi, zenye namba, kila moja na kosa lake. "Hakimu alikosea kwa kutozingatia kuvunjika kwa fibula" ni hoja. "Pesa ni kidogo" ni malalamiko. Baadaye utaandaa kumbukumbu ya rufaa: madai, majibu, ushahidi, P3 (fomu ya polisi ya kuandikia majeraha), abstrakti ya polisi (muhtasari wao wa ajali), ripoti za madaktari, hukumu na tuzo. Kagua kila ukurasa. Ripoti ya daktari ikikosekana, jaji atapima nini?

5. Pima hatari. Upande wa pili unaweza kuleta rufaa yao ya kutaka fidia ipunguzwe, na ukishindwa unaweza kuamriwa ulipe gharama zao. Jua pia kwamba sheria ya bima ya magari imeweka kikomo cha shilingi milioni 3 kwa kila mdai. Kinachozidi hapo utakidai kwa mwenye gari.

6. Wakati unasubiri, chunga sahihi yako. Rufaa yako haizuii kulipwa kile ulichokwisha kupewa. Lakini bima ikikuletea hundi pamoja na vocha yenye maneno "malipo kamili na ya mwisho", usitie sahihi kabla wakili wako hajaisoma.